Bibi Aliyeniita Toxi

Aliniita Toxi asubuhi ya kwanza nilipompelekea maji ya kunawa. Nilikuwa nimekunja mikono ya sare, nimeshika beseni, nimemwamkia kwa Kijerumani changu cha miezi kumi na minne. Bibi akanitazama kwa muda, halafu uso ukamchanua kama mtu aliyemwona ndugu yake kituo cha basi. Akasema, "Toxi! Umerudi!"

Mimi ni muuguzi. Neno hilo masikioni mwangu lilikuwa na maana moja tu, nayo ni sumu. Nikatua beseni kwenye kimeza cha kando ya kitanda, nikaloweka kitambaa, nikamwosha uso na shingo bila kusema kitu, huku koo limenikaba. Nilikuwa nimekwishaitwa mengi katika nchi ile. Lakini kuitwa sumu kwa tabasamu, na mtu aliyekuwa akinipapasa mkono, hilo lilikuwa jipya.

Naandika ushuhuda huu kwa sababu neno lile lile ndilo lililonishika mkono likanitoa nilipokuwa nimedidimia. Wapo wenzangu wanaosafiri sasa kutoka Tanga, Mombasa na Moshi kwenda kuuguza wazee wa Ujerumani. Nataka wajue kwamba njia hiyo ilishapitwa, na waliopita waliacha alama.

Niliondoka Tanga Septemba 2021. Binti yangu Rehema alikuwa na miaka miwili. Nilimwacha kwa mama yangu, na kaka yangu akauza pikipiki yake ya bodaboda ili nipate nauli na ada ya kozi ya lugha. Nilikuwa na stashahada ya uuguzi na miaka sita ya kazi, nimezalisha akina mama usiku kwa mwanga wa simu umeme ulipokatika. Hamburg nikaambiwa cheti changu lazima kitambuliwe kwanza. Mpaka nipite mtihani wao, ningekuwa msaidizi: kuosha wagonjwa, kubadilisha mashuka, kugawa chakula. Dawa nisiguse, na sindano pia. Sikuona haya kuosha wagonjwa, kwani hiyo ndiyo kazi niliyoapia. Kilichonikata ni kusimama pembeni nikimtazama kijana wa mwaka wa pili akihangaika kutafuta mshipa niliokuwa nauona kwa macho.

Majira ya baridi ya kwanza mgonjwa mmoja alikataa nisimguse. Alisema kwa sauti ya kusikika wodi nzima kwamba mikono hii haitaki. Aliyekuwa msimamizi wa zamu hakumwambia kitu. Alinihamishia vyumba vya upande wa pili, akanishika bega, akasema nisichukulie moyoni. Nilikwenda stoo ya mashuka, nikakaa juu ya rundo la taulo, nikaitazama mikono yangu mbele na nyuma kama vile si yangu.

Oktoba 2022 nikaanguka mtihani. Jumapili ile nikapiga simu nyumbani. Mama akampa Rehema simu akamwambia, "Msalimie mama yako." Mtoto akasema, "Mama si huyu hapa?" Akamshika bibi yake kanga. Mimi alizoea kuniita anti wa kwenye simu. Mama akacheka kidogo ili kunifichia aibu, halafu akanyamaza, nami nikanyamaza. Nikasema mtandao unakatika, nikakata.

Wiki tatu baada ya hapo ndipo bibi yule akaletwa wodini na nyonga iliyovunjika.

Kumbukumbu zake zilikuwa zinamtoka. Hakujua mwaka wala jina la mji, lakini kila asubuhi alijua kwamba mimi ni Toxi, na kila asubuhi alifurahi upya. Mwishowe nikamuuliza dada mmoja wa zamu yetu, Mjerumani aliyebakiza miaka michache astaafu, kwa nini mgonjwa ananiita sumu. Akashika mdomo. "Hapana, hapana," akasema, "hiyo ni filamu. Ni mtoto wa kwenye filamu." Jumatatu iliyofuata akaniletea diski ndani ya mfuko wa mkate.

Niliitazama usiku, peke yangu, chumba changu cha mtaa wa Altona, kompyuta juu ya mapaja na blanketi mabegani. *Toxi* ilitoka Agosti 1952, mwongozaji Robert Stemmle. Hadithi inatokea Hamburg yenyewe, katika nyumba ya familia yenye nafasi. Bibi wa nyumba anasherehekea siku ya kuzaliwa. Kengele inalia mlangoni. Kumbe amesimama mtoto wa kike mweusi, miaka mitano, na sanduku lake. Aliyemleta ameshaondoka. Wenye nyumba mwanzoni wanadhani ni mchezo wa sherehe, mtu ameleta mtoto awafurahishe wageni. Wanapotambua kwamba mtoto ametupwa, ndipo nyumba inapogawanyika. Babu na bibi wanataka abaki. Mkwe wao, Theodor, hataki. Anaogopa kwa ajili ya mabinti zake wawili, na anasema wazi kwamba tatizo ni rangi.

Mtoto yule alinishika tangu alipoingia mlangoni. Anasimama wima, anajibu kwa adabu, anawatazama wakubwa usoni mmoja mmoja kama anayepima ni yupi atakayemfukuza. Mtazamo ule naujua. Ndio niliokuwa nikiingia nao kila chumba cha wagonjwa.

Jina la mtoto aliyemwigiza Toxi ni Elfie Fiegert. Alizaliwa 1946, baba yake askari Mmarekani mweusi, naye alilelewa Bavaria na wazazi waliomwasili. Hakuwa amesomea uigizaji popote. Alikuwa mtoto wa miaka mitano, sita. Filamu ile ilikuwa miongoni mwa zilizovuta watu wengi zaidi Ujerumani Magharibi mwaka ule, na jina la Toxi likamganda. Watu walimwita hivyo barabarani, magazeti yakamwandika hivyo. Mtoto akawa amevaa jina la hadithi kabla hajajua kuandika lake mwenyewe.

Filamu ilitolewa mwaka ule kwa sababu. Watoto wa kwanza waliozaliwa na askari wa majeshi yaliyoshinda Vita Kuu ya Pili walikuwa wametimiza umri wa kuanza shule. Machi 1952 jambo lao lilijadiliwa bungeni Bonn. Hesabu iliyotajwa ilikuwa watoto 94,000 wa askari wa kigeni, na kati yao weusi 3,093. Mbunge Luise Rehling alizungumzia hao 3,093 kuwa tatizo la pekee, na akagusia hata hali ya hewa kwamba isingewafaa. Hawa ni watoto waliozaliwa palepale, wamekula viazi vya palepale, hawajui lugha nyingine duniani, na wazima wanakaa bungeni kujadili kama baridi itawafaa! Baba zao wengi hawakukimbia. Jeshi la Marekani lilikuwa bado linatenganisha weusi na weupe. Rais Truman alitoa amri ya kukomesha hilo Julai 1948 tu, na askari mweusi aliyetaka kumwoa mpenzi wake Mjerumani alihitaji ruhusa ya mkubwa wake, na mara nyingi alinyimwa, wengine wakahamishwa mtoto angali tumboni. Mwanahabari mmoja mwanamke, Mabel Grammer, Mmarekani mweusi aliyeishi Mannheim, aliwatafutia mamia ya watoto hao wazazi wa kuwaasili Marekani. Nchini mwao walikozaliwa, suluhisho lililowajia watu wengi haraka lilikuwa hilo: waondoke.

Na ndivyo filamu inavyoisha. Theodor anabadilika moyo, hilo ni kweli, na nililia alipobadilika. Krismasi inafika, watoto wanacheza mchezo wa mamajusi. Wanampaka Toxi uso mweupe, na mtoto wa Theodor anapakwa mweusi. Katikati ya mchezo baba anatokea kutoka Marekani, mtu mrefu mwenye koti, kaigizwa na Al Hoosmann. Amekuja kumchukua mwanawe. Kila mtu anafurahi. Nyumba iliyogombana filamu nzima juu ya kumpokea mtoto inapumua, kwa kuwa sasa haihitaji tena kumpokea.

Nilirudisha nyuma sehemu ile mara nne. Nilitaka kumwona mtoto, si baba. Uso umepakwa unga wa rangi, yeye mwenyewe hajui kwamba watu wazima wameshaamua kwao ni wapi.

Kesho yake bintiye yule bibi alikuja kumtazama mama yake, nikampa habari kwamba nimeiona filamu. Akaona haya. Akaomba radhi kwa niaba ya mama yake, nikamwambia hana kosa. Ndipo akanisimulia. Mama yake alizaliwa mwaka vita vilipoisha, na alipelekwa sinema kuiona *Toxi* akiwa na miaka saba. Filamu ilipoisha alilia mpaka nyumbani, na usiku akakataa kula. Alikuwa akiuliza swali moja, kwa nini wamemruhusu aende. Wazazi wakamweleza kwamba amekwenda kwa baba yake, Amerika ni kuzuri. Hakuelewa. Alisema wangeweza kumpa kitanda cha kwake, yeye angelala na dada yake. Aliisimulia habari hiyo kwa wanawe miaka yote.

Nikarudi chumbani kwa bibi. Alikuwa amelala ubavu, nywele zake nyeupe zimetawanyika juu ya mto. Miaka sabini ilikuwa imepita, na yote mengine yalikuwa yamemtoka kichwani: mume, kazi, majina ya wajukuu. Kilichobaki ni mtoto yule wa sinema, na swali lake. "Umerudi!" ndiyo aliyokuwa akiniambia kila asubuhi. Na mimi nilikuwa nikisikia sumu.

Nilimgeuza kwa taratibu, kama tunavyofundishwa, mkono mmoja begani na mmoja kwenye paja la upande mzima, nikamwekea mto katikati ya magoti. Akafumbua macho. Nikamwambia, "Ndiyo, nimerudi." Hiyo ndiyo siku yangu ya kwanza Hamburg kulala usingizi wa kutosha.

Baada ya hapo sikuweza kumwacha Elfie. Nikatafuta alichofanya baadaye. Mwaka 1955 aliwekwa katika filamu nyingine, *Der dunkle Stern*, yaani nyota nyeusi, ya mwongozaji Hermann Kugelstadt. Humo anaitwa Moni, mtoto aliyelelewa na wakulima wa milimani Bavaria. Filamu hii nayo haikumwona mkulima ndani yake. Inamtoa shambani, inampeleka kwenye sarakasi. Basi mara ya kwanza kwao ni Amerika, mara ya pili kwao ni hema la sarakasi. Alipokuwa msichana mkubwa alionekana tena kidogo: *Unser Haus in Kamerun* ya 1961, kisha *Das Haus in Montevideo* ya 1963, ambamo nyota ni Heinz Rühmann. Soma majina hayo. Kameruni, Montevideo. Mzaliwa wa Bavaria sasa alipewa nafasi kila mahali isipokuwa Bavaria. Baada ya hapo sinema haikumwita tena kwa jambo lolote kubwa, na kazi yake ikawa imekwisha katika umri ambao wenzake wanaanza. Siwezi kuliandika hili bila kuumia. Uwezo wa mtoto yule unaonekana, asiyeuona ni aliyeamua kutouona.

Kuna jambo la kwetu ambalo lazima nilitie hapa, maana liligusa mkono wangu njiani. Kabla ya Elfie walikuwapo wengine kwenye sinema za Kijerumani, na mmoja alikuwa mtu wa Dar es Salaam. Bayume Mohamed Husen alizaliwa 1904, akaingia vitani upande wa Wajerumani angali mtoto katika Vita Kuu ya Kwanza. Mwaka 1929 alikwenda Berlin, akafanya kazi ya kuhudumu mezani, akafundisha Kiswahili chuoni, akaigiza. Mwaka 1941 alionekana katika filamu ya kumtukuza Carl Peters, yule ambaye wazee wetu walimpa jina la Mkono wa Damu. Aliyemwigiza Peters ni Hans Albers, mmoja wa nyota wakubwa wa wakati huo. Mwaka huohuo Husen alikamatwa kwa kosa la kuwa na mwanamke mzungu. Alitiwa kambi ya Sachsenhausen na akafia humo Novemba 1944. Berlin, mbele ya nyumba alikokaa, pana jiwe dogo la shaba njiani lenye jina lake. Nilikwenda kulitazama siku ya mapumziko. Nilisoma Fatiha nikiwa nimesimama, watu wakinipita na mabegi yao ya sokoni.

Hans Albers yule yule, mwaka 1943, alikuwa nyota wa *Münchhausen*, na humo kuna weusi waliotiwa kama mapambo ya jumba la sultani. Mmoja wao ni msichana wa Hamburg, anaitwa Marie Nejar.

Hapo ndipo nilipompata mtu niliyekuwa nikimhitaji bila kujua.

Marie alizaliwa 1930, baba yake mtu wa Ghana aliyefanya kazi melini, mama yake mwanamuziki. Alilelewa na bibi yake St. Pauli, mtaa wa bandarini ninaoupita kila siku nikienda kazini. Mama yake alifariki 1940, Marie akiwa na miaka kumi. Utawala wa Hitler ulimfungia njia ya kusoma zaidi, ukampeleka kiwandani kufanya kazi ya lazima, na utawala huohuo ukamtumia kupamba filamu zake. Bibi yake, pamoja na watu wachache wa mtaani waliojua kufumba macho palipotakiwa, ndio waliomvusha akiwa hai.

Vita vikaisha, na ungedhani dhiki nayo imeisha. Mwaka 1950 alikuwa akiuza sigara katika hoteli ya pwani ya Baltiki, watu wakamsikia akiimba. Wakampa jina la jukwaani: Leila Negra. Hilo jina la pili ni rangi yake, wameliandika kwenye mabango kama vile mtu hataona kwa macho. Alikuwa ameshatimiza miaka ishirini, lakini kwa kuwa alikuwa mdogo wa umbo walimtangaza kama mtoto, wakamvisha kitoto, wakamwimbisha kitoto. Aliimba na Peter Alexander, santuri zikauzwa. Na *Toxi* ilipotoka, wimbo wake, ule wa mtoto anayetamani kwenda nyumbani, ulisambaa nchini kwenye santuri kwa sauti ya Marie. Sura ilikuwa ya Elfie, sauti ikawa ya mwanamke mzima wa St. Pauli aliyelazimishwa kuwa mtoto. Wote wawili walikuwa nyumbani kwao tangu walipozaliwa, wakiimbishwa hamu ya kwenda nyumbani.

Mwaka 1957 Marie akaacha. Alikuwa na miaka 27, bado watu wanamtaka jukwaani. Akaingia kusomea uuguzi. Akawa muuguzi, Hamburg, na hiyo ndiyo kazi aliyofanya mpaka kustaafu.

Niliposoma hilo nilikuwa chumba cha mapumziko, saa tisa usiku, chai yangu imepoa. Nikaweka simu chini. Ujerumani muuguzi mwanamke aliitwa Schwester, kama sisi tunavyosema sista, na baada yake likafuata jina lake la kwanza. Basi aliyekuwa Leila Negra kwenye mabango alivua jina lile, akaingia wodini, akaitwa Sista Marie. Ninawaza asubuhi yake ya kwanza na beseni la maji. Nadhani walikuwapo waliokataa mikono yake. Iweje wasiwepo, miaka ile, miaka kumi na miwili tu tangu Hitler afe? Naye akakunja mikono ya sare kesho yake, na kesho kutwa, miaka kwa miaka, mpaka mji mzima ukawa umepita mikononi mwake.

Na alikuwa hai! Usiku ule nilipokuwa nikisoma, yeye alikuwa na miaka 92, yupo Hamburg hiihii, labda vituo vichache vya treni kutoka nilipokaa. Sikumtafuta. Bibi wa umri ule ana haki ya kupumzika, na sikuwa na la kumwomba, alikuwa amekwishanipa.

Watu huuliza nilivukaje. Sikuvuka kwa ujasiri, maana sikuwa nao. Nilivuka kwa kujua kwamba kuna mwanamke aliyeulizwa maisha yake yote kwao ni wapi, akajibu kwa kubaki na kufanya kazi. Nilianza kuamka saa kumi alfajiri, naswali, kisha nasoma kurasa kumi za kitabu cha dawa kwa sauti kubwa kiasi, Kijerumani kizoee mdomo. Dada yule aliyeniletea diski akawa ananiuliza maswali wakati tukitandika vitanda: kipimo cha heparini, dalili za sukari kushuka, mgonjwa akipaliwa ufanye nini kwanza. Tulitandika na kujibizana mpaka wagonjwa nao wakawa wanajibu. Bibi wangu naye alikuwa akijibu, kila mara kwa uhakika, na kila mara makosa.

Aliondoka wodini kabla ya mwaka mpya kwenda nyumba ya wazee. Siku ile nilimvalisha soksi mwenyewe. Nikajaribu kwa mara ya mwisho, nikamwambia jina langu ni Mwanaidi. Akalirudia polepole, silabi kwa silabi, vizuri kuliko wengi wa wafanyakazi wenzangu walivyowahi. Halafu akanishika kidole gumba akasema nisiende mbali.

Aprili 2023 nilipita mtihani. Zamu ya kwanza kama muuguzi kamili walinipa kadi mpya ya kubandika kifuani. Aliyeiandaa alinifupishia jina, akaandika Idi, akasema ni rahisi kwa wagonjwa. Zamani ningesema asante. Nilimrudishia kwa heshima nikamwomba aandike lote. Ilichukua siku mbili. Kadi ninayo mpaka leo, pembe zimechakaa, herufi zote nane zipo.

Mambo ya karatasi za mtoto yalichukua muda mrefu kuliko mtihani, na sitawachosha nayo. Rehema alifika Januari 2025, amevaa koti lililompwaya na kanga ya bibi yake imekunjwa ndani ya begi. Uwanja wa ndege alinitazama usoni kwa muda mrefu, kama yule mtoto wa mlangoni. Sikumkimbilia. Nilichuchumaa nikasema, "Mimi ndiye anti wa kwenye simu." Akafikiri. Akasema, "Bibi amesema nikifika nikuite mama." Nikamwambia asiwe na haraka. Ilikuja yenyewe mwezi wa tatu, usiku, alipoota ndoto mbaya.

Mei mwaka huohuo Marie Nejar alifariki, miaka 95. Nilisikia nikiwa zamu ya usiku. Nilimaliza kuwageuza wagonjwa wangu, nikaandika kwenye mafaili, kisha nikasimama dirishani upande wa bandari, taa za kreni zinawaka. Nilimwombea nikimtaja kwa jina alilozaliwa nalo.

Septemba Rehema akaanza darasa la kwanza. Wajerumani wana desturi, mtoto siku ya kwanza ya shule hubeba koni kubwa ya karatasi iliyojaa peremende na kalamu za rangi. Yake tuliitengeneza wenyewe mezani jikoni, tukaibandika vipande vya kanga ya mama. Ilikuwa ndefu karibu sawa na yeye. Tulipokuwa uwanjani tukisubiri majina yaitwe, mama mmoja aliyesimama karibu nasi akamwinamia Rehema, akamsifia koni yake, kisha akamuuliza kwa upole, kwa Kijerumani, swali ambalo mimi nimeulizwa kila mwezi tangu nishuke ndege: na mtarudi nyumbani lini?

Nikafungua mdomo nijibu kwa niaba yake. Rehema alikuwa ameshajibu.

"Saa sita," akasema. "Leo ni siku fupi."